Ukuta wa Meli ya Mjomba

Wiki mbili zilizopita, ofisini kwetu hapa Dodoma, nililetewa rasimu ya kurasa arobaini niisahihishe Kiswahili. Ndiyo kazi yangu, rafiki yangu. Wenzangu wanajenga nchi, mimi nahamisha koma. Rasimu ilihusu meli, na mahali fulani katikati palikuwa na jedwali la unene wa mabamba ya chuma: ya ubavuni milimita nane, ya chini kabisa milimita kumi, na kuendelea. Mwandishi alikuwa amekosea sehemu moja akaandika sentimita. Nikasahihisha, nikageuza ukurasa, na saa saba ilipofika nikaenda kula wali maharage kwa mama lishe wa nyuma ya ofisi. Nilikuwa nimefika nusu ya sahani ndipo nikagundua kwamba sijahisi kitu. Si huzuni, si woga, hata njaa sikuwa nayo. Nikamaliza wali, nikanawa, nikarudi kazini.

Hilo ndilo lililonifanya nikuandikie. Nimezisoma namba zile kama mtu anavyosoma bei ya sabuni, wakati mimi ndiye binadamu wa mwisho aliyepaswa kuzisoma hivyo.

Nililelewa na bibi, mama yake mama, kijijini upande wa Kongwa, kwa kuwa mama alikuwa na kazi mjini na mimi nilikuwa mtoto wa kuugua ugua. Nyumba yetu ilikuwa tembe, tena tembe la zamani: refu kwa urefu, fupi kwa kimo, paa bapa la udongo, kuta za miti zilizokandikwa udongo mwaka hadi mwaka mpaka zikanenepa. Ndani palikuwa na giza la ubaridi hata mwezi wa kumi, jua linapotaka kupasua vichwa vya watu. Harufu ilikuwa ya moshi, ya ngozi, ya mbuzi waliolala upande wa pili. Tulikula ugali wa uwele na mlenda uliotiwa karanga, na siku njema maziwa ya mgando kutoka kwenye kibuyu ambacho hakuna aliyeruhusiwa kukitikisa ila bibi. Mpaka leo nikila mlenda wa mjini naona kama nimedanganywa.

Maji tulikuwa tunayachimba. Unashuka korongoni, unafukua mchanga mpaka kiunoni, unakaa, unangoja yajikusanye, kisha unachota kidogo kidogo kwa kata. Asubuhi nzima ilikuwa mlio huo tu, kata ikikwangua mchanga. Nikilalamika bibi alikuwa akisema maji hayana haraka, mwenye kiu ndiye mwenye haraka. Nimekwambia haya ili ujue kwamba mpaka nafika darasa la nne, maji mengi kuliko yote niliyowahi kuyaona kwa pamoja yalikuwa pipa moja la jirani.

Na ujue pia kipimo cha bibi. Ukuta ulipimwa kwa mkono, kutoka kwenye kiwiko hadi ncha ya kidole cha kati. Alikuwa akienda kuangalia nyumba ya mtu anayejenga, anasimama mlangoni, analaza mkono wake kwenye kizingiti ambapo unene wa ukuta unaonekana. Ukifika mkono, anasema nyumba. Usipofika, anasema banda la kuku, tena anasema kwa sauti mwenye nyumba asikie.

Darasa la nne tulikuwa na mwalimu wa sayansi, mtu wa pwani aliyepangiwa shule yetu na ambaye kila asubuhi alionekana kushangaa kwamba bado yuko. Siku moja akatuuliza nani anajua ukuta wa meli una unene gani. Hakuna kati yetu aliyekuwa amewahi kuona hata mtumbwi. Lakini wanafunzi wakiulizwa hujibu, basi vidole vikapanda juu. Mmoja akasema mkono mmoja. Mwingine akasema kwa vile bahari ni kubwa, mikono miwili. Msichana wa dawati la mbele akasema mkono mmoja na nusu, na paa lipigwe udongo kila mwaka kabla ya mvua.

Mwalimu alicheka mpaka akakaa juu ya meza. Alipopata pumzi akatueleza. Mtumbwi wa mti, vidole viwili au vitatu. Meli ya chuma, kubwa kuliko shule yetu yote, ukuta wake ni kama kidole kimoja, na iliyo kubwa kabisa labda viwili. Kisha akasema zipo meli zinazotembea chini ya maji, zinaitwa nyambizi, na hizo ukuta wake ni mnene zaidi maana maji huzibana kutoka kila upande, na watu humo ndani wanapumua, wanakula, wanalala. Tulidhani jua limemwingia. Akaweka kopo tupu la maziwa kwenye beseni la maji, likaelea. Akatupa msumari, ukazama. Kinachobeba meli si unene, akasema, ni nafasi iliyo ndani.

Sasa, mjomba. Alikuwa kitindamimba wa bibi, fundi wa kuchomea vyuma, amejifunza kwenye gereji ya Kongwa mjini. Alitengeneza milango, matoroli, majembe ya ng'ombe. Alikuwa mtu wa kucheka peke yake akiwa kazini, na macho yake yalikuwa mekundu muda wote kwa sababu ya ule moto. Mwaka huo huo rafiki yake aliyekuwa Kigoma alimletea habari kwamba meli moja ya mizigo inatafuta fundi wa kukaa humo humo, kuchomea na kuangalia injini. Mjomba akafurahi. Lakini kwetu mtoto wa mwisho haondoki mpaka mama yake aseme nenda, na bibi alikuwa na swali moja tu. Aliuliza ukuta wake una unene gani.

Mjomba akainua kidole chake kidogo, anacheka.

Bibi hakucheka. Alisema hata kuku wake wanalala kwenye ukuta mnene kuliko huo. Mimi, kwa kiherehere changu cha darasa la nne, nikaona nimsaidie mjomba. Nikachukua bakuli la bati, nikaliweka kwenye beseni la maji ya kufulia, likaelea vizuri. Nikamweleza bibi habari ya nafasi iliyo ndani, kama mwalimu alivyosema. Bibi aliinama, akaliangalia bakuli kwa muda. Kisha akaweka kidole kimoja kwenye ukingo wake, akabonyeza kidogo tu. Bakuli likajaa, likaenda chini.

"Sasa huko ziwani," akaniuliza, "mwenye kidole ni nani?"

Siku kadhaa mjomba alikula bila kucheka, akaenda gereji bila kuaga. Mwishowe wakakubaliana hivi: aende Kigoma kwa treni, aione meli kwa macho yake, aandike kile alichokiona, na asianze kazi mpaka jibu la mama yake limfikie. Kabla ya kuondoka aliniita pembeni akaniambia akipata kazi atanichukua likizo nikalione ziwa. Maji yasiyochimbwa, alisema. Mpaka upeo wa macho, na hakuna mwenye kata.

Barua ikaja kupitia dukani kwa jirani yetu, mzee wa Kondoa, Mrangi, mtu wa msikitini, ambaye duka lake ndilo lililokuwa posta yetu, redio yetu na benchi letu la umbea. Bibi hakujua kusoma, kwa hiyo barua zote nilizisoma mimi. Alikuwa amekaa uani anapepeta uwele. Nikasoma salamu. Nikasoma habari za treni. Nikafika mahali palipoandikwa kwamba ukuta wa meli ni chuma, unene wa kidole.

Nikasoma, "unene wa mkono."

Ungo ukasimama. Bibi akaniuliza, mkono? Nikasema mkono, bibi. Akanyanyuka, akaenda mlangoni, akalaza mkono wake kwenye kizingiti cha tembe letu, ukafika sawasawa kama ulivyofika siku zote. Mimi nikaendelea kusoma hadi karibu na mwisho. Mistari miwili ya mwisho niliiruka, maana haikuwa habari ya ukuta, na nilikuwa na haraka.

Usinitetee, rafiki yangu, kwamba nilikuwa mtoto. Nilikuwa mtoto, ndiyo, lakini nilijua tofauti ya kidole na mkono. Nilitaka kuona ziwa. Basi.

Bibi alichota maji kwenye kibuyu, akayatia mdomoni, akayapuliza kuelekea magharibi, mara tatu, kumwombea msafiri njia. Akaniambia mwandikie aende, mwambie ukuta nimeuridhia. Mimi niliandika tu, "Bibi amekubali." Habari ya ukuta sikuiandika, nisije nikaumbuka.

Mjomba alifanya kazi kwenye meli ile miaka mitatu. Alikuja mara mbili, na dagaa wa Kigoma na migebuka iliyokaushwa, na nyumba nzima ikanuka samaki wiki nzima, jambo ambalo kijijini kwetu lilikuwa sifa. Likizo ya ziwa iliahirishwa. Mara hivi, mara vile. Hawakuwahi kuzungumza habari ya ukuta, yeye na mama yake. Kila mmoja alidhani mwenzake amekubali. Ila bibi alijisifu nje. Dukani aliwaambia watu mwanawe analala kwenye nyumba ya chuma, ukuta mkono mzima. Mzee wa duka, aliyewahi kufika Kigoma na kupanda meli hizo, aliacha kupima sukari akanitazama. Hakusema kitu mbele yake. Siku nyingine, nilipotumwa chumvi, akaniuliza nilimsomea nini bibi yangu. Nikamjibu nilisoma kilichoandikwa. Akanifungia chumvi, akasema mimi sitakusemea, siku ukipata nguvu utasema mwenyewe.

Nilikuwa darasa la saba habari ilipokuja, na ilikuja kwa mzee huyo huyo. Alifunga duka mchana, akatembea hadi kwetu, na watu walipomwona ametoka dukani mchana wakaanza kumfuata. Meli ilikuwa imegonga mwamba karibu na ukingo, ikapasuka ubavu, ikateleza hadi kwenye kina kirefu. Waliokuwa juu wengi waliokolewa. Mjomba alikuwa chini, kwenye chumba cha injini. Ziwa lile halina mtu wa kulizamia.

Ndugu wakaja. Mjomba mkubwa, kaka wa marehemu, akatoka Mpwapwa akiwa tayari amenyoa. Wakatandika mikeka, wakataka kukaa matanga na kunyoa nywele kama inavyopasa. Bibi akakataa wembe. Aliwauliza kama wameiona maiti, wakasema hapana. Akawauliza kama wanajua ukuta wa meli ile una unene gani, wakatazamana.

"Chuma, mkono mzima," akasema bibi. "Maji yamepitia wapi?"

Mjomba mkubwa akamweleza habari ya mwamba. Bibi akasema mwamba hautoboi mkono mzima wa chuma, meli imezama tu ikiwa imefungwa, na mwanawe yuko ndani yake. Kisha akanigeukia, mbele ya watu wote, akaniuliza kama si kweli mwalimu wetu alisema zipo meli zinazokaa chini ya maji na watu wake wakapumua. Nikasema ni kweli, alisema. Na alisema kweli, rafiki yangu, si nimekwandikia hapo juu? Watu wakainamisha vichwa. Walidhani msiba umempanda kichwani. Mimi na mzee wa duka ndio tuliojua maneno yale yalikotoka, na wote wawili tukapiga kimya.

Matanga yakakaliwa kwa mjomba mkubwa, Mpwapwa. Bibi hakwenda.

Hapo ndipo kitu ndani yangu kilipozimika. Sijui niseme vipi. Sikulia siku ile, wala baadaye. Nilifaulu mtihani, nikaenda sekondari ya bweni, watu wakanisifu kwamba nimetulia. Nilikuwa nimetulia kweli.

Mwanzoni nilijiambia uongo wangu umemfaa: wenzake wana kaburi, yeye ana tumaini. Lakini kila likizo nikirudi nilimkuta amepungua. Akawa ananiuliza maswali. Chakula kilichokuwa kwenye meli kingetosha miezi mingapi? Na taa? Akawa haketi karibu na mtu anayetwanga, kwa sababu mlio wa mchi ulimsumbua. Nilipokuwa kidato cha pili, tulikuwa tunakandika ukuta wa nyuma kabla ya mvua, mimi nakanyaga udongo, yeye anapiga, akaacha kupiga akaniambia kinachomuuma.

"Anagonga, mjukuu wangu. Miaka yote hii anagonga, na hakuna wa kumfungulia."

Nikamwambia. Nilikuwa nimesimama kwenye udongo hadi vifundoni, nikamwambia barua haikusema mkono, ilisema kidole. Nikasema mimi ndiye niliyebadilisha, nilitaka kwenda kuona ziwa. Nikasema maji yaliingia siku ile ile, bibi, hakugonga hata siku moja.

Nilingoja anipige. Nilitamani anipige. Alikung'uta udongo mikononi, akaenda ndani, akarudi na kopo la majani ya chai alimokuwa akiweka barua. Akanipa ile, imekunjwa vile vile.

"Nisomee tena," akasema. "Sasa soma kilichoandikwa."

Nikasoma. Salamu, treni. Ukuta ni chuma, unene wa kidole changu kidogo, na kwa ndani kuna mbavu za chuma zinazoushikilia. Nimeugonga kwa nyundo unalia. Mama, siwezi kukudanganya. Nikafika kwenye mistari miwili ile ya mwisho, ambayo sikuwahi kuisoma kwa sauti, na nikaisoma: Mimi mwenyewe nimeogopa kidogo. Ukisema nirudi, nitarudi, wala sitanuna.

Udongo uliokuwa ukutani ukaanza kukauka na kuonyesha nyufa.

"Alikuwa ananiomba nimwite," akasema.

Hakunilaumu, wakati ule wala mpaka alipofariki, na naona hilo ndilo lililonimaliza. Sasa tembe lile halipo. Mjomba mkubwa alilibomoa nikiwa chuo kikuu hapa Dodoma, Chimwaga pale, akajenga nyumba ya tofali za saruji na bati la rangi ya bluu, na wote wanaisifu. Ukuta wake haufiki hata shubiri. Korongoni hakuna anayefukua mchanga, bomba limefika. Mzee wa duka alikwenda zake Kondoa kuzikwa kwao. Hakuna tena mtu kijijini anayesimama mlangoni kwako kupima ukuta kwa mkono akakutukania nyumba. Kigoma nimefika mara moja, kwa semina, nikaomba chumba cha upande wa barabara. Mapokezi walishangaa, maana watu hulipia zaidi waone ziwa.

Huwa nasema nimesahau sura ya mjomba, na ni kweli, nimebaki na yale macho mekundu tu. Lakini jioni ya siku ile ya barua na udongo sijaisahau. Bibi aliniambia ninawe udongo, nilete wembe na maji ya vuguvugu. Akakaa kwenye kigoda uani, akafungua kitambaa. Nywele zake zilikuwa nyeupe tupu na ndefu, za miaka miwili ya kukataa wembe. Watu waliopita njiani walisimama wakauliza nani amefariki, na yeye mwenyewe akawajibu kwa sauti ya kawaida kwamba ni mwanawe, amekufa leo. Nilimnyoa taratibu, kutoka kisogoni kuja mbele, kama nilivyoona wengine wakifanya. Nilimnyoa vizuri sana, sikumkata hata mahali pamoja.